Mgongo Uliovunjika Sehemu Tatu

Jumatatu, 4 Agosti 2025. Mbinga mjini.

Bahati yangu ikipimwa kwa debe, madebe yatakwisha Mbinga nzima. Naandika bila kujisifu. Kesi zangu zote maishani nimeshinda: ya mbuzi wa Mama Hildegardi, ya mpaka wa shamba na ya redio. Mawakili wa Songea wakisikia jina Dunstan wanafunga mafaili. Ndiyo maana leo samansi ilipokuja sikutetemeka.

Imeletwa na Methodi, mpeleka samansi, kwa pikipiki, saa mbili asubuhi, wateja wa hoteli yangu wakiwa katikati ya supu. Kasema kwa sauti ya kusoma matangazo ya ndoa kwamba Jumatatu ijayo natakiwa mahakamani, nikajieleze kwa nini nisifungwe kwa kudharau amri. Amri ipi? Ile ya mwezi wa nne, kwamba nimlipe Notburga stahiki zake zote ndani ya siku thelathini. Zimepita siku mia moja na kidogo. Mimi nilidhani wamesahau. Serikali ina mambo mengi.

Notburga alikuwa mpishi wangu miaka sita. Nilimwachisha kwa kosa kubwa. Mgeni wa Dodoma aliuliza kama mbasa aliyewekewa ni wa leo, naye akamjibu ni wa Alhamisi. Siku hiyo ilikuwa Jumanne. Samaki hakuwa na neno, alikuwa amechangamka kidogo tu, na ndimu Mungu aliiumba kwa kazi hiyo. Nikamfukuza kwa meseji. Akaenda Tume ya usuluhishi, wakampa haki. Akaenda mahakamani kukaza hukumu, wakampa tena. Hizo sizihesabu, maana mimi sikuhudhuria.

Sasa sheria. Samansi isipogusa mkono wako, haipo. Hili wasomi hawalijui. Mimi nina darasa la saba na nusu. Nusu ni kidato cha kwanza mpaka mwezi wa sita. Nikaweka mikono kwapani. Methodi akanibembeleza: kapteni, pokea basi, mwenzio nina safari ya kijijini Ruanda na barabara naijua. Nikakaza kwapa. Akafungua kabati la maandazi, akailaza samansi juu ya maandazi, akaipiga picha, akaondoka.

Kabati limefungwa siku nzima. Maandazi arobaini! Jioni Asteria, mke wangu, kalifungua, kaitoa samansi, kaisoma kwa sauti ya mbiu. Nimeziba masikio. Kanivuta kidole kimoja na kuniambia, Baba Glorious, mlipe huyo dada. Kapata kibanda Lituhi, pale magari yanaposimama, anataka kuuza chakula chake mwenyewe. Mwenye kibanda kampa mpaka tarehe kumi na tano. Akikosa, anapewa mtu mwingine.

Nimesema hela hakuna. Kauliza ile ya mwezi wa sita ilikwenda wapi. Ilikwenda kwenye kaptula nyeupe ishirini na sita, soksi ndefu jozi ishirini na sita na kofia zake, sare ya kundi letu la ngoma ya mganda kule Ngumbo, ambalo mimi ndiye kapteni. Nyingine jeneza la mzee jirani. Mtu ana moyo au hana!

Jumanne, 5 Agosti.

Wazo! Nimeamka nalo limeiva kabisa. Ugonjwa. Mgonjwa hajielezi mahakamani, anajieleza kwa Mungu.

Nimeandika barua mwenyewe, kwa kalamu nyekundu ili uchungu uonekane. "Mheshimiwa, mimi Dunstan nimeanguka kutoka juu ya maisha. Mgongo umevunjika sehemu tatu na sehemu ya nne inatafakari. Siwezi kusimama, kuketi, wala kulala kwa ubavu wowote unaojulikana. Nipo kwetu Ngumbo nikisubiri majaliwa." Nimesaini kwa mkono unaotetemeka. Nimeurudia mtetemeko mara nne mpaka ukakaa sawa.

Asteria kaisoma akicheka mpaka kashika mlango. Kauliza maisha ni mnazi kwamba mtu anaanguka kutoka juu yake. Mwanamke wa Kimatengo anajua kahawa na mashamba yake ya ngolo. Fasihi hajui.

Methodi kakubali kuipeleka barua kwa malipo ya supu mbili na chapati. Kanitazama mgongo wakati nambebea sinia. Kasema pole sana.

Jumatano, 6 Agosti. Ngumbo.

Mgonjwa lazima awe mahali anapougulia. Kwa hiyo nimesafiri. Gari limeshuka milima mpaka joto la ziwa likanipiga usoni kama mvuke wa sufuria. Nilikaa mbele na dereva, kwa sababu ya mgongo.

Lituhi gari lilisimama. Nikajifunika taulo kichwani. Muuza vitumbua akaja dirishani. Harufu ile! Iliki, na ile kingo ya kuungua kidogo. Nikatoa noti kutoka chini ya taulo, nikasema vinne, kwa sauti ya kizee.

Vikaja vitano. Sauti ikasema cha tano ni cha mgongo, pole bosi.

Notburga! Kumbe barua yangu alipewa nakala. Kumbe sheria ndiyo ilivyo, kila karatasi upande wa pili unapewa. Nani alitunga upuuzi huo? Akaniuliza, kwa adabu kabisa, ile sehemu ya nne bado inatafakari au imeshaamua. Dereva akacheka, konda akacheka, na mama mmoja mwenye kuku akacheka, wala hakujua jambo lenyewe.

Vitumbua nimevila vyote kabla ya Ngumbo. Mwanamke yule ana roho ngumu lakini mkono wake ni wa Mungu.

Alhamisi, 7 Agosti.

Kuugua ni kazi. Nimelazwa kwenye mkeka nyumbani kwa mama, na tangu alfajiri wanakuja kunijulia hali. Kila mmoja analeta kitu. Uji. Dagaa wa kukaanga. Mihogo. Mama Emiliana, mke wa katekista, kaleta mafuta ya kondoo akanisugua mgongo kwa viganja vya kupalilia. Nimelia machozi ya kweli. Wote wamesema maskini.

Mama yangu kaja kwa upole, kaniuliza mwanangu unaumwa kweli au unadaiwa. Nimesema vyote, mama. Kaenda kupika.

Jioni wamekuja vijana wa mganda, kumi na wawili, ndani ya sare mpya. Weupe ule ulinichoma macho. Kesho ni Nane Nane, mashindano na Lituhi, hapa hapa uwanja wa Ngumbo. Mimi ndiye kapteni, natangulia na usinga, vibuyu vya kupuliza vinanifuata, ngoma kubwa inanitii. Walisema Victor ndiye atakayeshika nafasi yangu. Victor! Yule anatembea kama mtu anayetafuta kandambili gizani.

Nikawaambia kwa sauti ya kufa, nendeni wanangu, mungu wa mganda hafi. Wakaanza kuondoka. Halafu mmoja kwa ujinga wake akasema Xaveri, kapteni wa Lituhi, ametuma salamu: kwamba Dunstan hajavunjika mgongo, hakuwahi kuwa nao.

Sikulala.

Ijumaa, 8 Agosti. Nane Nane.

Niandike ukweli kama ulivyotokea.

Asubuhi nilikuwa mgonjwa. Saa nne nilikuwa mgonjwa. Saa sita nikasikia ngoma ya Lituhi ikiingia uwanjani, watu wakipiga vigelegele, na vibuyu vya Xaveri vikinguruma kama nyuki. Nikauma mkeka. Saa sita na nusu wakaingia wetu. Nikasikia ngoma ikiyumba. Victor kakosea hatua ya pili! Kelele za kuzomea zikafika mpaka chumbani, wee! Lituhi wote wanazomea sare niliyoinunua mimi, kwa hela ya Notburga!

Nilijikuta nimeshavaa soksi.

Jamani, nilicheza. Nilimnyang'anya Victor usinga, nikapiga filimbi mara moja, vijana wakanyooka kama kamba ya nyavu. Hatua ya kwanza. Ya pili. Kisha ya tatu, ile yangu, ambayo Nyasa nzima hakuna anayeiweza: bega la kushoto linashuka, goti la kulia linaitikia, halafu unajikunja kinyumenyume taratibu mpaka kofia ilione ziwa, na unabaki hapo ngoma ikihesabu nane. Mimi nilibaki kumi na sita. Mama Emiliana alipiga magoti akamshukuru Mungu kwa mafuta ya kondoo.

Tukashinda! Xaveri alinipa mkono huku anatazama pembeni.

Kisha wakaingia wanawake wa Lituhi na ngoma yao ya kioda. Sijaogopa kioda maishani. Lakini anayeanzisha nyimbo, mbele kabisa na leso begani, alikuwa Notburga. Na kioda, kila mtu wa ziwani anajua, haiimbi juu ya mawingu. Inamtaja mtu. Akaanza:

*Mgongo wa Dunstan, mgongo wa ajabu,*
*mahakamani umevunjika, ngomani umepona!*

Na wengine wakaitikia *umepona, umepona,* wakijikunja kinyumenyume kwa madaha, nane, tisa, kumi. Uwanja mzima ulilala chini kwa kicheko. Hata vijana wangu. Hata mama yangu, nimemwona.

Simu zilikuwa juu kama mahindi shambani. Moja ilikuwa ya Methodi. Alikuja kula sikukuu.

Jumamosi, 9 Agosti. Mbinga.

Nimerudi. Asteria kanipokea akiitikia *umepona, umepona* huku anapepeta mchele. Video imefika kabla yangu. Mteja wa chumba namba nne kaniomba nijikunje nipige naye picha.

Lakini kichwa hiki hakikuumbwa kubeba kofia tu. Yule wa kwenye video siyo mimi. Ni Hamphrey! Binamu yangu Hamphrey, tunafanana pua. Tofauti ni ndogo: yeye ni mfupi kwangu kwa kichwa kimoja, na mweusi zaidi, na ana kilema kidogo cha kutosikia mdundo. Video zenyewe zinatikisika. Nimemwahidi Hamphrey nauli, chakula na shati.

Nimemweleza Asteria. Kasema anayo hela ya kahawa yake ya kule Ruanda, aliyoiweka kwa ajili ya bati la nyumba ya mama yake, na nisimfikishe huko. Nimemwambia asiwe na wasiwasi, nina Hamphrey.

Jumapili, 10 Agosti.

Kanisani. Somo lilikuwa lile la mtu aliyepooza akaambiwa jitwike godoro lako uende. Benchi zote zimegeuka kunitazama. Nimetoa sadaka ndogo.

Mchana nimemfundisha Hamphrey hatua ya tatu nyuma ya jiko. Kaanguka kwenye masufuria mara mbili. Nimemwambia hakuna haja, hakuna hakimu atakayemwambia mtu acheze.

Jumatatu, 11 Agosti. Usiku, kwenye karatasi ya kufungia chumvi.

Nimeazima kalamu kwa askari. Naandika haraka.

Niliingia mahakamani nikiwa nimeegemea fimbo mbili na Asteria. Mheshimiwa alikuwa mama mtaratibu mwenye miwani. Watu wataratibu ndio wabaya. Aliuliza kama nimetii amri. Nikaeleza mgongo, sehemu baada ya sehemu. Akasikiliza zote tatu. Akauliza ya nne. Karani akaziba mdomo kwa faili.

Notburga hakuwa na wakili. Alivaa gauni lake la kanisani, kashika simu ya Methodi. Akaionesha video. Nikasema kwa huzuni kwamba huyo ni binamu yangu, watu wengi wanatuchanganya tangu utoto, na nikamwita Hamphrey. Hamphrey akasimama. Shati langu lilimfika magotini. Akaapa.

Mheshimiwa akamuuliza Notburga kama ana swali. Akasema analo moja tu. Shikamoo mheshimiwa, naomba huyu kaka aoneshe ile hatua ya tatu.

Mheshimiwa alivua miwani. Akaifuta. Akavaa. Akasema aoneshe, kwa kifupi.

Ndugu zangu, nilikuwa nimejiandaa kwa kila kitu. Kufungwa, kusemwa, kusamehewa. Hilo sikujiandaa. Hamphrey akashusha bega la kulia! La kulia! Halafu akaruka kama kuku aliyekanyaga jivu la moto, akapunga mikono, akachuchumaa. Akabaki kachuchumaa. Na mlangoni, nikamwona, kasimama Xaveri wa Lituhi, kaja mjini kuuza dagaa, anatabasamu. Anatabasamu kwamba huo ndio mganda wa Ngumbo!

Nilisikia sauti ikisema hapana bwana, siyo hivyo, bega la kushoto kwanza! Ilikuwa yangu. Fimbo zilikuwa sakafuni. Nilikuwa katikati ya chumba cha mahakama, uso unaangalia dari. Nikahesabu nane kwa mdomo. Nilifika kumi na mbili ndipo nikakumbuka niko wapi.

Kisha Methodi akapiga makofi mara moja, akaacha.

Mheshimiwa akasema ameridhika na hali ya mgongo. Akasema kwa uongo wa barua na wa binamu angeweza kuongeza, ila leo anatosheka na hili: niwekwe ndani mpaka stahiki za Notburga zilipwe hadi senti ya mwisho. Hamphrey akauliza kama shati anarudisha.

Askari kaja. Anataka kalamu.

Alhamisi, 14 Agosti.

Nimetoka leo saa tano.

Siku tatu. Nimewachekesha wenzangu wote mle ndani, mmoja wa wizi wa mbolea alisema hajawahi kulala vizuri hivyo. Siku ya pili usiku hakuna aliyecheka, na mimi pia. Niliwaza tarehe kumi na tano. Niliwaza kibanda, na mtu mwingine akipakulia watu wali mle ndani, wali mbovu. Sikuwahi kufikiri mtu anaweza kunidai kitu zaidi ya hela.

Asteria kalipa. Bati lote la mama yake, kila bando. Kahesabu mezani kwa karani, Notburga kahesabu tena, kasaini. Hawakunitazama, walikuwa wanaongelea bei ya unga wa ngano. Kisha Notburga kafungua kapu, kanipa bakuli. Ugali na mbasa, mchuzi mwekundu, wa moto. Nikala nimesimama. Machozi yalikuwa ya pilipili.

Nikamwambia dada Notburga, nisamehe. Kasema bosi, mbasa ni wa leo. Na ni elfu saba.

Asteria akalipa hiyo pia. Notburga akapanda gari la Lituhi mbele, na dereva.

Mke wangu alitangulia mpaka mlangoni. Pale akasema kwamba mwakani mvua ikimnyeshea mama yake, mimi ndiye nitakayesimama juu na mwavuli. Halafu kachukua funguo zote za hoteli, na droo ya hela, na daftari la madeni. Hili la siri, ninaloandika, halijui, au anajifanya.

Jumapili, 17 Agosti.

Mambo yamekaa vizuri kuliko mwanzo!

Nimepata mpishi mpya: Hamphrey. Asteria alikuwa Ruanda kwa mama yake, kwa hiyo nimeamua mwenyewe, kama mwanaume. Hamphrey hajui kupika, lakini ana pua yangu. Kauliza habari ya mkataba. Nimemwambia mkataba ni karatasi ya watu wasioaminiana, sisi damu moja tutaandikiana nini. Kauliza mshahara. Nimesema tutaangalia msimu ukiisha. Kauliza na ile nauli ya mahakamani. Nimemwambia imo humo humo kwenye mshahara. Kafurahi. Nimempa na aproni.

Methodi kaja kunywa supu. Kaionja, kamtazama Hamphrey, kanitazama mimi, kauliza kama tumeandikishana. Nimemwambia ahangaike na yake. Kasema sawa kapteni, mimi naenda kujaza tangi la pikipiki kabisa.

Vijana wa Ngumbo nao wametuma ujumbe. Mwezi wa kumi tunaalikwa Lituhi kwenye mganda, kaptula zimechanika tano kwa ushindi. Nimewajibu wasijali, zitapatikana, mimi nipo. Fundi nimeshamwambia aanze kukata.

Jioni mgeni wa Njombe, wa chumba namba mbili, kaniuliza kama ni kweli nilikuwa na kesi. Nimemweleza vizuri, na hatua ya tatu nimemwonesha, kwamba niliingia mahakamani nimeegemea fimbo na nikatoka natembea. Kasema hongera, wewe una bahati, umeshinda.

Nimepokea hongera. Lakini nikikaa na kalamu hii peke yangu, kesi ya mbuzi nilishindwa. Ya mpaka nilishindwa. Ya redio nilishindwa, na redio ilikuwa yangu. Sijawahi kushinda kesi hata moja.